Mwigizaji Aliyedhaniwa Amekufa: Heather Donahue na Mwaka 1994

Nilipokuwa sekondari hapa Kamembe, tulitazama The Blair Witch Project katika banda la video. Ilikuwa agasobanuye, yaani filamu ambayo msimulizi huizungumzia kwa Kinyarwanda juu ya sauti za waigizaji. Msimulizi alituapia kwamba yule msichana anayelia mbele ya kamera alikufa kweli na mkanda wake uliokotwa msituni. Niliamini. Nilipoanza kusoma historia chuoni, nilimtafuta.

Ni Mmarekani, Heather Donahue. Mwaka 1997 yeye na wenzake wawili, Michael Williams na Joshua Leonard, walipelekwa katika misitu ya Maryland kwa siku nane. Walijirekodi wenyewe, maneno mengi wakiyatunga papo hapo, na wakatumia majina yao halisi. Filamu ilitengenezwa kwa fedha kidogo. Ilipotoka 1999 iliingiza karibu dola milioni 250. Ili watu waamini, ilienezwa habari kwamba watatu hao wametoweka. Mama yake Heather akaletewa kadi za rambirambi, ilhali binti yake yu hai.

Uongo uliofaulisha filamu ndio uliomwumiza mwigizaji. Aliyeamini hakuona kwamba msichana yule anaigiza. Wengine walimdhihaki, hata akapewa tuzo ya mzaha ya mwigizaji mbaya kuliko wote. Alicheza filamu nyingine chache, akaacha kazi hiyo, na baadaye akabadili jina kuwa Rei Hance. Mwaka 2024 yeye na wenzake walidai hadharani malipo ya haki.

Lakini kilichonishtua zaidi ni tarehe. Filamu inadai kwamba watatu hao walipotea Oktoba 1994. Nilipomsimulia bibi yangu, alinyamaza kidogo, kisha akasema: "Mwaka huo huo? Sisi, mjukuu wangu, hakuna aliyetuokotea mkanda."

Alisema kweli. Mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalidumu takriban siku 100, lakini picha za video zinazoonyesha mauaji yenyewe ni chache mno. Baadhi zilipigwa na Nick Hughes, Mwingereza, kwa mbali, akiwa juu ya jengo mjini Kigali. Mkanda wake ukawa kielelezo katika Mahakama ya Kimataifa ya Arusha. Hapa Cyangugu kamera nyingi zilikuja baadaye, wakimbizi walipokuwa wakivuka Rusizi kwenda Bukavu.

Hughes huyo huyo, pamoja na Eric Kabera, alitengeneza 100 Days (2001), iliyopigwa Kibuye, kando ya ziwa letu hili la Kivu. Cleophas Kabasita aliigiza kama Josette. Filamu hiyo haikujidai kuwa mkanda uliookotwa. Mtazamaji alijua kwamba anaona maigizo ya jambo lililotokea kweli, na hakuna mama aliyeletewa rambirambi za bure.

Hoja yangu ni hii. Picha inayotetereka si ushahidi kwamba jambo limetokea, na kukosekana kwa picha si ushahidi kwamba halikutokea. Kabla ya kuamini mkanda, mwanahistoria aulize nani alishika kamera, lini, na kwa faida ya nani. Na pale ambapo mkanda haupo, awaulize walio hai wakati bado wapo.

Bibi hana mkanda. Ana maneno yake, nami nimeanza kuyaandika.