Nyumba ya Mawe ya Njoro



Asafiriye kutoka Litein kwa njia ya Kericho na Molo hata afike Njoro ataiona huko nyumba ya mawe ya kuchongwa, yenye vyumba 52, ambayo watu huiita kasri. Twaitaja katika taarifa hii kwa sababu historia yake yagusa nyumba nyingi za Wakipsigis.

Mwenyewe alikuwa Lord Maurice Egerton, mmoja wa Waingereza wa kwanza kurusha ndege. Alianza kuijenga mwaka 1938. Vita vikaikatiza kazi, isiishe hata 1954. Akafariki Januari 1958, hana mke wala mtoto.

Yasemekana alimposa binti wa Kizungu, naye akaidharau nyumba yake ya kwanza kuwa ni banda la kuku. Ndipo akajenga hii; na posa ilipokataliwa tena, akapiga marufuku mwanamke yeyote kukanyaga pale. Wageni huipenda sana hadithi hiyo. Kwetu sisi, imekalia kiti cha habari iliyo kubwa zaidi.

Ardhi ile ilitengwa kwa Wazungu peke yao. Huku kwetu nako, ardhi njema ya Kericho ilikuwa imekwisha kutwaliwa, na tangu miaka ya 1920 makampuni yakaipanda chai. Basi wengi wa baba zetu wakaswaga ng'ombe wao hata mashamba ya Molo na Njoro, wakawa maskwota: malisho kwa jasho, na kipande shingoni.

Mwaka 1939 Lord huyo alitoa ardhi ijengwe shule ya kilimo, lakini kwa vijana wa Kizungu. Mtoto wa mchungaji hakuwa na nafasi humo. Milango ilikuja kufunguliwa kwa watu wa rangi zote, na tangu 1987 ni Chuo Kikuu cha Egerton, walikosomea watoto wetu wengi. Kwa zawadi ile ya ardhi astahili shukrani, nasi hatumnyimi.

Lakini waliopasua mawe yale, wakayabeba na kuyapanga, majina yao hatujayakuta katika kitabu chochote tulichosoma. Kwa hiyo twaomba kila mzee aliyefanya kazi Njoro kabla ya 1954, au mwanawe, afike kwa katibu atusimulie, nasi tutaandika. Mwenye kipande cha zamani na aje nacho. Kitanakiliwa na kurudishwa siku ile ile.