Somo la Historia: Mama wa Kambo katika Senema

Leo tutazungumza juu ya mama wa kambo, na jinsi senema ilivyomwonyesha.

Tunduma ni mji wa mpakani. Barabara kuu ya kwenda Zambia hupita hapa, na vilevile reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya mwaka 1970 na 1975. Watu huja, huoa, huachana au hufiwa, kisha huoa tena. Basi nyumba yenye watoto wa baba, watoto wa mama na watoto wao wote wawili si jambo geni kwetu. Lakini katika picha nyingi ambazo watoto hao hutazama, mama wa kambo ni mtu mbaya. Sura hiyo ilitoka wapi?

Mwaka 1812 ndugu wawili wa Ujerumani, Jacob na Wilhelm Grimm, walichapa hadithi ya Snow White. Katika chapa ile ya kwanza, mwanamke aliyetaka kumwua msichana alikuwa mama yake mzazi. Katika chapa ya mwaka 1819 akageuzwa kuwa mama wa kambo. Heshima ya mama ikahifadhiwa, na lawama akatwikwa mgeni wa nyumba. Mwaka 1937 Walt Disney aliifanya hadithi hiyo kuwa senema, na mwaka 1950 akatoa Cinderella. Sura hiyo ikaenea duniani.

Baadaye mambo yalianza kubadilika. Katika The Sound of Music, ya mwaka 1965, Maria anakuja kulea watoto saba wa mgane, wanampenda, naye anaolewa na baba yao. Katika Stepmom, ya mwaka 1998, mama mzazi anaugua saratani. Yeye na mchumba wa baba wa watoto wanashindana kwanza, kisha wanapatana kwa ajili ya watoto.

Je, hakuna mama wa kambo katili? Wapo, kama walivyopo wazazi katili. Hatari ni hii: mtoto hufundishwa kuogopa kabla hajatendewa neno. Tena mama mzazi akimkanya mtoto, majirani husema anamlea; wa kambo akifanya vivyo hivyo, husema anamtesa. Na mtoto anayeteswa kweli huachwa, kwa kuwa watu hudhani ndivyo kambo ilivyo.

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 humhesabu kuwa mzazi hata yule aliyekabidhiwa mtoto amtunze. Wazee nao walisema: kulea mimba si kazi, kazi ni kulea mwana.

Maswali ya kujadiliana kundini:
1. Ni picha gani mliyoiona yenye mzazi wa kambo? Alionyeshwaje?
2. Mtaani kwenu, mtoto wa kambo akiteswa, nani humsemea?