Mpaka wa Keko Mbele ya Baraza

Jijini Dar es Salaam watu huijua Keko kwa mambo mawili: gereza na fenicha. Nyuma ya karakana za maseremala, huko Keko Machungwa, Magurumbasi na Mwanga, nyumba zimebanana hadi bati la mmoja humwagia maji ukuta wa mwenzake. Sehemu kubwa ya makazi haya ilikua kabla mpima ardhi hajafika, na akija leo anakuta ugomvi umeshazeeka.

Wajerumani walitoa tamko mwaka 1895 lililoifanya ardhi isiyothibitishwa kuwa na mwenyewe kuwa mali ya Dola. Waingereza nao, kwa sheria ya 1923, wakaiweka ardhi ya Tanganyika chini ya Gavana, kisha wakaitambua haki ya kimila kwa marekebisho ya 1928. Pembezoni mwa Dar es Salaam, kwa Wazaramo na jirani zao, mambo haya yalibaki kwenye vitabu. Mpaka ulikuwa mstari wa minyaa, mnazi wa marehemu babu, au njia ya kwenda kisimani. Mzee akiulizwa, alinyanyua mkono na kuonyesha.

Kisha mashamba yakauzwa vipande vipande. Muuzaji alipima kwa hatua za miguu, mjumbe wa nyumba kumi akashuhudia, karatasi ikaandikwa kwa mkono: upande huu kwa fulani, upande ule kichochoro. Karatasi hizo ni nzuri kuliko wanavyodhani wanaozidharau, kwa sababu zina majina na sahihi. Udhaifu wake ni kwamba fulani hufa, warithi wake huuza, na kichochoro humezwa na ukumbi wa mtu. Mwaka 1972 Serikali ilipoacha sera ya kubomoa makazi holela na kuamua kuyaboresha, watu walipata usalama wa kukaa. Mpaka wa nyumba na nyumba haukuguswa.

Hata leseni za makazi, zilizoanza kutolewa Dar es Salaam katikati ya miaka ya 2000 chini ya Sheria ya Ardhi ya 1999, hazikumaliza kazi. Leseni humtambua mkazi kwa muda usiozidi miaka mitano. Haisimiki bikoni kwenye kona.

Nani basi aamue? Kwa miongo mingi migogoro ya ardhi isiyopimwa ilianzia Mahakama ya Mwanzo. Sheria ya mwaka 2002 ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, iliyoanza kutumika Oktoba 2003, ilijenga ngazi mpya: Baraza la Kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu, halafu Mahakama ya Rufani. Baraza la Kata liliruhusiwa kuamua mgogoro wa mali isiyozidi shilingi milioni 3, bila mawakili. Kwa maoni yangu hili lilikuwa jambo la busara lililokabidhiwa watu wasiopewa nyenzo: wajumbe walioijua mitaa yao vizuri, lakini hukumu zao zikatenguliwa mara kwa mara kwa sababu ya akidi na mwenendo wa shauri. Mwaka 2021 Bunge liliwaondolea mamlaka ya kuamua. Sasa kazi yao ni kusuluhisha, na wasipofanikiwa ndani ya siku 30 mlalamikaji anaweza kwenda wilayani.

Wilayani, kesi nyingi hufia kwenye maelezo ya eneo. Kanuni za 2003 zinamtaka mwombaji aeleze mahali mali ilipo, na kuandika “kiwanja kilichopo Keko” hakutoshi. Kesho mtu mwingine atasema hicho ni chake. Mwenyekiti wa Baraza, akiona ushahidi unagongana, anaweza kwenda kuliona eneo mwenyewe. Tangu hukumu ya Mahakama ya Rufani iliyoripotiwa mwaka 1980, utaratibu ni kwamba wadaawa na mawakili wao wawepo, yanayoonekana yaandikwe, kisha yasomwe barazani ili kila upande utoe maoni. Akienda peke yake na upande mmoja, hukumu yaweza kuanguka kwenye rufaa. Na hapo uchochoroni, msafara mzima ukiwa umesimama, ndipo majirani ambao hawakuitwa na mtu yeyote huanza kusahihishana kwa sauti kuhusu mahali palipokuwa na choo cha zamani.

Anayeshinda hupewa tuzo, yaani amri inayotokana na hukumu, na utekelezaji huangukia kwa dalali wa baraza. Hukumu iliyosema tu kwamba “mdaiwa arudi kwenye mpaka wake wa awali” humwacha dalali na nyundo mkononi bila kujua matofali mangapi abomoe. Inayotaja mita, kutoka kona ya nyumba iliyosimama hadi ukutani, hutekelezwa kwa urahisi zaidi. Ndiyo sababu wakili mzoefu humleta mpima kabla ya hukumu, hata kama mteja wake analalamikia gharama.