Leja Isiyo na Tarehe ya Mlipakodi: Marejesho ya Kodi ya Mshahara na Madereva wa Salgaa

Kila inapokaribia tarehe 30 Juni, swali moja halikosekani katika maduka ya kompyuta ya Salgaa, kituo cha malori karibu na Nakuru nchini Kenya: "Pesa zangu zitarudi lini?" Anayeuliza mara nyingi ni dereva wa trela. Gari ameliacha kando ya barabara ya kwenda Eldoret, utingo anagongagonga matairi, na fomu ya P9, ile ya mwajiri inayoonyesha mshahara na kodi iliyokatwa kwa mwaka, imekunjwa mara nne mfukoni mwa shati. Kijana wa duka humfungulia iTax, mfumo wa kodi wa mtandaoni, humchapishia leja ya akaunti yake, humwonyesha kwa kidole safu ya debiti na safu ya krediti. Kisha wote wawili huikodolea macho karatasi ile, na jibu halipatikani. Hoja yangu ni kwamba hawalioni kwa sababu halimo. Leja imepangwa kuonyesha siku ambazo raia anadaiwa na serikali. Siku ambayo serikali inadaiwa na raia haikutengewa nafasi.

Maelezo yaliyozoeleka ni mengine. Semina baada ya semina, tunaambiwa kwamba tatizo ni uhaba wa elimu: mlipakodi hajui kusoma akaunti yake, hajazi ritani vizuri, halafu analalamika. Kwamba kodi hujenga uwajibikaji pale tu raia anapopata kitu cha kudai, hilo halina ubishi mkubwa. Mick Moore, Wilson Prichard na Odd-Helge Fjeldstad wamelijadili kwa kirefu katika kitabu chao cha 2018 kuhusu utozaji kodi barani Afrika. Ninachokipinga ni hili la elimu. Elimu humfaa mtu mbele ya maandishi yanayosomeka, na hata mhasibu hodari hawezi kusoma tarehe ambayo haikuandikwa.

Tuchukue mfano wa hesabu. Dereva aliajiriwa Januari hadi Juni 2025. Baada ya kuondoa makato yasiyotozwa kodi, alibaki na shilingi 40,000 kwa mwezi. Kwa viwango vinavyotumika, 24,000 za kwanza hutozwa asilimia 10, yaani 2,400. 8,333 zinazofuata asilimia 25, yaani 2,083. Na 7,667 zilizobaki asilimia 30, yaani 2,300. Jumla ni 6,783. Ukitoa nafuu binafsi ya 2,400, mwajiri anakata 4,383 kila mwezi, na kwa miezi sita 26,300 zimekwenda. Mwisho wa Juni mkataba ukaisha, naye hakupata kazi nyingine hadi Desemba.

Sasa tuhesabu kwa mwaka, maana kodi ya mapato ni ya mwaka. Mapato yake yote ni 240,000. Kiasi hicho hakifiki 288,000, mpaka wa kiwango cha asilimia 10, kwa hiyo kodi yake ni 24,000 kabla ya nafuu. Tukimpa nafuu ya miezi sita tu aliyofanya kazi, yaani 14,400, anabaki kudaiwa 9,600. Amekatwa 16,700 zaidi ya anachodaiwa. Tukimpa nafuu ya mwaka mzima, 28,800, hakudaiwa hata shilingi, na 26,300 zote ni zake. Hakuna aliyemwibia wala aliyekosea hesabu. Ziada hii inazalishwa na utaratibu wenyewe, unaomkata kila mwezi kana kwamba atafanya kazi miezi kumi na miwili. Na katika uchukuzi, mikataba ya miezi mitano au sita ni jambo la kawaida.

Hapa ndipo leja inapostahili kutazamwa kwa karibu. Dereva akiifungua kabla ya kujaza ritani, zile 26,300 hazioni kabisa. Pesa zililipwa na mwajiri, kwa PIN (namba ya mlipakodi) ya mwajiri, kupitia ritani ya kila mwezi iitwayo P10 ambayo mwajiri huwasilisha ifikapo tarehe 9 ya mwezi unaofuata. Mfanyakazi yumo ndani ya P10 kama mstari mmoja. Krediti humjia pale anapojaza ritani yake ya mwaka na kunakili tarakimu za P9. Kama mwajiri alikosea PIN yake, au alikata asiwasilishe, tarakimu za P9 hazitalingana na zilizomo katika mfumo, na dai litakwama kwa kosa la mtu ambaye pengine hapokei simu tena. Nimekaa katika maduka hayo ya kompyuta nikashuhudia suluhisho la mtaani: tarakimu zinapindwa hadi mwisho wa ritani usome sufuri, ili "isilete maneno". Ni namna ya kulipia amani kwa haki.

Bonde la Ufa linaujua tangu zamani mpangilio huu wa mwajiri kuandika na mfanyakazi kubeba. Sheria ya kipande ya 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, ilimlazimu mfanyakazi Mwafrika kubeba karatasi yenye alama za vidole vyake, jina la mwajiri, ujira, na tarehe za kuajiriwa na kuachishwa. Aliibeba shingoni ndani ya kijaluba cha chuma, lakini aliyeandika humo alikuwa mwajiri. Katika mashamba ya walowezi kuzunguka Nakuru, mtu ambaye kipande chake hakikutiwa sahihi ya kuachishwa hakuwa na uhuru wa kutafuta kazi kwingine. Sidai kwamba iTax ni kipande. Kipande kilikuwa chombo cha kumfunga mtu, na dereva wa leo ana Katiba mkononi. Ninachodai ni kwamba rekodi ya kazi ya mtu bado inaandikwa na mwingine, na mwenyewe ndiye anayebebeshwa mzigo wa kuithibitisha.

Tugeukie saa za kisheria, kwa sababu sheria yenyewe si bubu. Kifungu cha 47 cha Sheria ya Taratibu za Kodi ya 2015 kinampa mlipakodi haki ya kuomba marejesho, na kinamtaka Kamishna wa kodi aamue ndani ya muda maalumu. Muda ukipita bila uamuzi, ombi huhesabiwa kuwa limethibitishwa na kukubaliwa. Sheria ya Fedha ya 2023 ilipunguza muda wa kulipa kutoka miaka miwili hadi miezi sita. Hiyo ilikuwa hatua njema. Kisha Sheria ya Fedha ya 2025 ikarudi nyuma: siku za uamuzi zikaongezwa kutoka 90 hadi 120, na dai likipelekwa kwenye ukaguzi, kutoka 120 hadi 180. Kwa sadfa, Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 nacho kinahusu haki ya kutendewa na utawala kwa haraka, kwa ufanisi na kwa kufuata sheria. Vifungu viwili vyenye namba ile ile vimeanza kuvutana.

Ongezeko hilo hutetewa kwa hoja ya udanganyifu. Hoja ina uzito katika kodi ya ongezeko la thamani (VAT), ambako ankara bandia zinaweza kumzalishia mtu marejesho ya mamilioni. Katika kodi ya mshahara haina miguu. Ushahidi wa dai la dereva tayari umo mikononi mwa serikali, ndani ya P10 sita zilizowasilishwa na mtu asiyepata faida yoyote dai likifaulu. Kulinganisha mistari sita hakuhitaji miezi minne. Wengine husema ziada na ikae ifidie kodi ya baadaye, na sheria inaruhusu hivyo. Kwa kampuni ni sawa. Kwa mtu aliyebaki bila kazi tangu Julai, kodi ya baadaye ni ipi? Anafidiwa kwa deni ambalo bado hana, wakati ada ya shule ya Januari inamkodolea macho.

Linganisha na upande wa pili wa leja. Raia akichelewesha kodi, tarehe inajulikana, adhabu ya asilimia 5 inaingia debiti, na riba ya asilimia 1 inapanda kila mwezi. Akichelewesha ritani ya mwaka, adhabu isiyopungua shilingi 2,000 inamsubiri. Mfumo haujawahi kushindwa kuhesabu siku. Unahesabu za upande mmoja.

Kwa hiyo napendekeza safu ya tatu katika leja, kwa Kiswahili, mbele ya kila krediti iliyoombewa marejesho: siku ombi lilipopokewa, siku ya mwisho ya uamuzi, siku ya mwisho ya malipo. Muda wa uamuzi ukipita, neno "limekubaliwa" lijiandike lenyewe, kama adhabu inavyojiandika. Huenda safu hiyo isiharakishe hata shilingi moja mahali ambapo hazina ni tupu. Hata hivyo naamini ingebadilisha tabia ya ofisi kuliko semina zote za elimu ya kodi, kwa kuwa deni lenye tarehe hudaiwa.

Dereva wa mfano wetu akiwa amewasilisha ombi lake tarehe 1 Machi 2026, siku 120 zinatimia tarehe 29 Juni. Kesho yake, tarehe 30, ndiyo siku ya mwisho ya ritani kwa wote waliojipanga nyuma yake katika duka lile la Salgaa. Tarehe 30 imo katika mfumo, na imeshikanishwa na 2,000 za adhabu. Ile ya 29 anayo yeye tu, ameiandika kwa kalamu nyuma ya P9.