GIST IKISHASAMBAA: DAWA IPO, ILA USIACHE VIDONGE

Wadau, tukisikia kansa ya tumbo imeshafika kwenye ini, wengi wetu tunaanza kuitana kwa ajili ya mazishi. Kwa kansa nyingi za tumbo hofu hiyo ina msingi wake. Lakini kuna aina moja, inaitwa GIST, ambayo hesabu zake ni tofauti kabisa. Mgonjwa anayerudishwa nyumbani "akapumzike" bila aina ya uvimbe wake kujulikana anaweza kuwa amenyimwa miaka mingi ya kuishi. Ndiyo maana leo naandika kwa kirefu, mnivumilie.

GIST NI KITU GANI?

Kwenye ukuta wa mfuko wa chakula na utumbo kuna seli zinazoitwa seli za Cajal. Kazi yake ni kutoa mpigo unaoufanya utumbo ujibane na kusukuma chakula. GIST huanzia kwenye seli hizo au jamaa zake. Kwa hiyo sio ile kansa ya kawaida ya tumbo inayoanzia kwenye utando wa ndani, hata kama dalili zinafanana: kushiba haraka, uvimbe unaoshikika kwa mkono, kuishiwa damu, choo cheusi kama lami.

Ni ugonjwa adimu. Kwa mwaka hugundulika watu kama 10 hadi 15 katika kila milioni moja. Zaidi ya nusu ya uvimbe huu huanzia kwenye mfuko wa chakula, na sehemu kubwa ya unaobaki kwenye utumbo mwembamba. Ukisambaa unapenda sana sehemu mbili: ini, na utando unaofunika matumbo. Kwenye mapafu, mifupa na tezi hufika mara chache.

ZAMANI ILIKUWAJE?

Zamani hali ilikuwa mbaya, tusidanganyane. GIST zilikuwa zinachanganywa na kansa za misuli, wagonjwa wanapewa dripu za kemo, na dripu hizo karibu hazifanyi kitu. Ukishasambaa, nusu ya wagonjwa walikuwa wamefariki ndani ya mwaka mmoja na nusu hivi. Mionzi nayo haikusaidia sana.

Mwaka 1998 wanasayansi wa Japani, akiwemo Seiichi Hirota, walionyesha kwamba wengi wa wagonjwa hawa wana hitilafu kwenye jeni iitwayo KIT. Jeni hiyo ni kama swichi ya kuiambia seli ikue. Kwa GIST swichi imekwama kwenye "washa", haizimiki. Wakati huo huo kampuni ya Novartis ilikuwa na dawa ya kansa ya damu, imatinibu (Glivec), ambayo ilionekana kuizima swichi hiyo pia. Machi 2000 huko Helsinki, Ufini, mama mmoja ambaye GIST yake ilikuwa imejaa kwenye ini na kemo zimeshindwa alipewa vidonge hivyo. Uvimbe ulianza kusinyaa ndani ya wiki chache. Februari 2002 Marekani ikaidhinisha dawa hiyo kwa GIST. Kwenye mambo ya kansa miaka miwili ni kama kupepesa jicho.

SASA MTU ANAISHI MUDA GANI?

Hili ndilo swali ambalo ndugu wanaliuliza kwenye korido daktari akishaondoka. Katika utafiti wa mwanzo wa watu 147, waliotibiwa Marekani na Ufini, nusu walikuwa bado hai karibu miaka mitano baadaye (miezi 57). Utafiti mwingine mkubwa wa Marekani na Kanada, wenye wagonjwa karibu 700, ulifuatiliwa kwa muda mrefu na kukadiria kwamba asilimia 23 walikuwa hai baada ya miaka 10. Na hao wote walianza dawa ugonjwa ukiwa umeshasambaa au haupasuliki.

Lakini kwa wengi dawa haiui ugonjwa wote. Inaulaza. Kwa mgonjwa wa wastani, imatinibu hushikilia kwa miaka kama miwili kabla uvimbe haujaanza kutafuta njia nyingine, ila wapo wachache wanaopita miaka 10 na dawa ile ile. Anayeanza na uvimbe mdogo na mwili wenye nguvu ana nafasi nzuri zaidi kuliko aliyesubiri mpaka tumbo limejaa.

DAI KIPIMO CHA KINYAMA

Bila kinyama kupelekwa maabara ya patholojia huwezi kujua ni GIST. Muulize daktari moja kwa moja: "Kimepimwa KIT?" Kipimo hicho kwenye majibu huandikwa pia CD117. Kama inawezekana kipimwe na jeni yenyewe, manake hapo ndipo matibabu yanapogawanyika. Wenye hitilafu kwenye eksoni ya 11 (ndio wengi) huitikia vizuri miligramu 400 kwa siku. Wa eksoni ya 9 mara nyingi huhitaji 800. Kuna wachache wenye hitilafu ya jeni nyingine, PDGFRA, aina ya D842V: hao imatinibu haiwasaidii, na kwa miaka mingi hawakuwa na chao mpaka avapritinibu ilipoidhinishwa Marekani Januari 2020. Vijana, hasa wasichana, wanaweza kuwa na aina ambayo haina hitilafu hizo zote. Imatinibu kwao ni dhaifu, ila uvimbe wenyewe mara nyingi hukua polepole.

USIACHE VIDONGE

Hapa naomba tusome taratibu. Mgonjwa anameza miezi sita, uvimbe unasinyaa, ananenepa, anarudi shamba. Halafu anasema nimepona. Wafaransa waliichunguza hali hii: watu ambao dawa ilikuwa imewashika vizuri kwa mwaka mzima waligawanywa, wengine waendelee, wengine wasimame. Kati ya 32 waliosimama, ugonjwa uliwarudia 26. Walioendelea ni 8 kati ya 26. Wengi waliorudishiwa dawa walitulia tena, lakini ufuatiliaji wa baadaye ulionyesha kwamba uvimbe haukurudi kuwa mdogo kama ulivyokuwa kabla ya kusimama. Tunakumbuka mwaka 2011 watu walivyopanga foleni Samunge, Loliondo, na wengine wakaweka dawa zao pembeni. Imani ya mtu siigusi, ila kidonge kiendelee.

Kidonge kimezwe na chakula na glasi kubwa ya maji. Kuvimba macho asubuhi, kichefuchefu, kuharisha na misuli kukaza ni kawaida, na mara nyingi hupungua. Jambo ambalo watu weusi hawaambiwi mapema: dawa inaweza kukufanya uwe mweupe. Majirani watasema umeanza mkorogo. Waache waseme. Na mwanamke asishike mimba akiwa kwenye dawa hii bila kuzungumza na daktari kwanza.

Kwa kwetu huku hatari kubwa zaidi ni kuchanganya dawa. Rifampisini ya TB inaisafisha imatinibu mwilini mpaka inabaki kidogo sana. Dawa za kifafa kama fenitoini na kabamazepini hufanya hivyo hivyo. Mgonjwa anadhani kansa imekuwa sugu, kumbe dawa haifiki. Kila daktari unayemwona mwambie unameza nini, na mitishamba pia itaje.

Kuhusu CT-scan, kuna mtego. Dawa ikifanya kazi, uvimbe unaweza kulainika ndani na kuonekana umeongezeka ukubwa, au madoa ya ini ambayo hayakuonekana mwanzo yakajitokeza. Asiyejua GIST atasema dawa imeshindwa na kuisimamisha. Omba waangalie pia kama uvimbe umelegea, sio kupima sentimita peke yake.

IKISHINDWA JE?

Kwanza hakikisha mgonjwa alikuwa anameza kweli. Kisha dozi huweza kupandishwa hadi 800, na kama theluthi moja ya wagonjwa hutulia kwa muda. Baada ya hapo ni sunitinibu (2006), halafu regorafenibu (2013), halafu ripretinibu (2020). Hizi muda wake ni mfupi zaidi, nyingi ni miezi na sio miaka, na sunitinibu inapandisha presha na kuchubua viganja. Ikiwa uvimbe mmoja tu ndio unaokua na mingine imelala, upasuaji unafaa kujadiliwa. Maumivu makali ya ghafla au choo cheusi sio ya kusubiri kliniki ya Jumatatu, uvimbe unaweza kuwa umepasuka au unavuja damu.

BEI

Glivec ilikuwa inauzwa zaidi ya dola 2,000 kwa mwezi, na matoleo ya India chini ya dola 200. Aprili 2013 Mahakama ya Juu ya India iliikatalia Novartis hataza, na mwaka 2015 Shirika la Afya Duniani likaiweka imatinibu kwenye orodha ya dawa muhimu, GIST ikitajwa. Kuanzia 2002 kampuni hiyo pamoja na The Max Foundation waliendesha mpango wa dawa bure uliofika Kenya na Tanzania pia. Mipango kama hii inabadilika, kwa hiyo usiuze kiwanja kabla ya kuuliza kliniki ya kansa mpango gani upo sasa na karatasi zipi zinatakiwa. Karatasi ya kwanza watakayokuomba ni ile ya majibu ya kinyama, kwa hiyo toa kopi na ya asili ikae nyumbani.