Kuchemsha na Kuunga: Maharage katika Vitongoji vya Dar es Salaam

Katika lugha ya jikoni ya Waswahili kuna vitenzi viwili ambavyo hutajwa pamoja, lakini havifanyi kazi moja. Cha kwanza ni kuchemsha, na cha pili ni kuunga. Chakula kilichochemshwa kikaachwa bila ya mafuta, nazi wala viungo huitwa chukuchuku, na kwa upande wa maharage neno hilo si sifa. Kilichoungwa ndicho kinachohesabiwa kuwa kimepikwa. Viungo vya chakula na viungo vya mwili vinashiriki neno moja, kwani vyote huunganisha. Na wapenzi wa mashairi wanajua kwamba ukwapi na utao ni vipande viwili tu mpaka maana ivifanye mshororo mmoja.

Tofauti hiyo baina ya kuchemsha na kuunga ndiyo ufunguo wa historia ya maharage katika jiji la Dar es Salaam, hasa katika vitongoji vya Kinondoni na Temeke. Huko, kwa miaka mingi sasa, kaya nyingi zimekuwa zikila maharage yaliyochemshwa na mtu mwingine na kuungwa na wenyewe. Jioni, kando ya njia na kwenye magenge, mwanamke huketi na sufuria kubwa au ndoo iliyofunikwa, akawapimia wapitao maharage yaliyokwisha kuiva, bila ya nazi wala kitunguu. Mnunuzi hufika nyumbani na bakuli lake, na baada ya muda mfupi maharage hayo huwa ni ya nyumba yake. Je, ni halali kuyaita hivyo? Kujibu swali hilo kunahitaji kurudi nyuma kidogo.

Maharage ni mgeni katika Afrika. Kabla yake Pwani ilikuwa na kunde, mbegu ya bara hili hili, na ilikuwa na mbaazi na choroko, mbegu zenye asili ya Bara Hindi. Maharage yalianza kulimwa Amerika, kwenye nchi za Meksiko na jirani zake na kwenye milima ya Andes, maelfu ya miaka kabla ya Vasco da Gama kupita katika mwambao huu mwaka 1498. Yaliletwa katika zama za Wareno pamoja na mahindi na muhogo. Hata hivyo, mgeni huyu hakupendezwa na Pwani. Joto la mwambao, hasa la usiku, huyapukutisha maua yake kabla ya kufunga maganda. Kwa hiyo alipanda milimani, akapata makazi yake Usambara, Kilimanjaro, Kagera, Kigoma na nyanda za Mbeya. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Na mwenyeji aliyepona kwanza kwa mgeni huyu alikuwa mtu wa bara.

Mnazi una tabia kinyume cha hiyo. Unataka joto, mchanga na upepo wa bahari, na ukipandishwa milimani hudumaa. Maana yake ni kwamba maharage ya nazi, chakula ambacho leo mtu wa Unguja na mtu wa Temeke wote hukiona kuwa ni cha kwao, hakikuweza kuzaliwa shambani. Mimea yake miwili haipendi ardhi moja. Ilibidi ikutane chunguni, na ili ikutane chunguni ilibidi kwanza watu wakutane.

Mji uliowakutanisha ulianzishwa na Sayyid Majid, Sultani wa Zanzibar, katika miaka ya 1860, kando ya kijiji cha Mzizima. Wazaramo wa pande hizo walikuwa na minazi yao, na wageni kutoka visiwani walikuja na upishi wao wa tui. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, serikali ya kikoloni ilijenga nyumba za wafanyakazi wa Kiafrika huko Magomeni na Temeke. Watu wa bara waliokuja kutafuta kazi bandarini, kwenye reli na viwandani walikuwa wamelelewa kwa maharage, ama peke yake ama pamoja na mahindi katika makande. Katika nyumba ya vyumba vya kupanga, yenye uani mmoja na majiko yaliyopangwa ukutani, mwanamke wa kutoka Lushoto alimtazama jirani yake wa Kizaramo akikuna nazi, na jirani akatazama sufuria ya maharage. Uani huo ndio ulioviunga vyakula viwili vikawa kimoja.

Shule za bweni na kambi za Jeshi la Kujenga Taifa ziliyaeneza maharage zaidi, lakini kwa sura ya chukuchuku. Vizazi vya wanafunzi vilikula ugali na maharage yaliyochemshwa kwenye mapipa, yenye chumvi na maji mengi. Waliotoka huko walirudi mjini na kumbukumbu ya chakula kisicho na mwenyewe. Wengi wao hawakuyachukia maharage. Walichokichukia ni kule kuachwa bila ya kuungwa.

Kisha ikaja miaka ya dhiki. Baada ya vita vya Kagera vya 1978 na 1979, bidhaa ziliadimika na mshahara haukuweza tena kulisha nyumba. Wanawake wa vitongojini waliingia katika biashara ndogondogo, na miongoni mwao wakatokea wapishi wa njiani walioitwa mama ntilie, jina lililotokana na kauli ya mteja anayenyoosha sahani: nitilie. Mwaka 1983 ilipitishwa sheria ya nguvu kazi, na msako wa wale walioitwa wazururaji uliwakumba hata watu waliokuwa wakijitafutia riziki kwa jasho lao. Mapishi ya barabarani yalikimbizwa, yakarudi, yakakimbizwa tena. Katika miaka ya baadaye jina la mama ntilie lilipewa mwenzake wa heshima zaidi, mama lishe, lakini sufuria ilibaki ile ile.

Muuza maharage ya kuchemsha ni ndugu wa mama lishe, ila yeye hauzi mlo kamili. Anachouza ni moto na saa. Maharage makavu huhitaji saa mbili jikoni, pengine zaidi. Yakikaa muda mrefu ghalani katika joto na unyevu, kama ulivyo wa Dar es Salaam, ngozi na nyama yake hukazana na kukataa kulainika hata yakiloweshwa usiku kucha. Baadhi ya wapishi hutia magadi ili kuharakisha, na magadi hulainisha kweli, lakini yakizidi huacha ladha ya sabuni na kupunguza vitamini B1. Wala muda wa moto haupunguziki kwa ujanja, kwa sababu maharage, hasa mekundu, yasipochemka sawasawa yana sumu ya asili inayoumiza tumbo.

Moto huo ni wa mkaa. Taarifa ya Benki ya Dunia ya mwaka 2009 ilieleza kwamba kati ya 2001 na 2007 kaya za Dar es Salaam zilizopikia mkaa zilipanda kutoka asilimia 47 hadi 71. Kwa mama anayenunua mkaa wa kopo au wa mfuko mdogo, kuchemsha nusu kilo ya maharage kwa ajili ya watu watano kunaweza kumgharimu moto mwingi kuliko thamani ya maharage yenyewe. Muuzaji anayechemsha sufuria kubwa kwa kaya 30 anaugawa moto mmoja kwa watu wengi. Anayerudi Mbagala au Tandale usiku, baada ya kutwa nzima sokoni au kiwandani na foleni ya magari juu yake, hana saa mbili za kukesha na jiko. Basi hukumu ya wale wasemao kwamba mwanamke asiyechemsha maharage yake ni mvivu ni hukumu ya mtu ambaye hajapiga hesabu ya mkaa wala ya saa.

Wakati huo huo, mahali pengine duniani, kazi hiyo hiyo ya kuchemsha kwa niaba ya wengine ilikuwa imekabidhiwa kiwanda. Mwaka 1810 Mfaransa Nicolas Appert alichapisha njia yake ya kuhifadhi chakula ndani ya chupa zilizozibwa na kuchemshwa, na mwaka huo huo Peter Durand alipata hataza ya vyombo vya bati huko Uingereza. Maharage ya kopo huivia ndani ya kopo lenyewe, kwa mvuke wenye mgandamizo na joto linalopita nyuzi 100. Ndiyo maana huwa laini na salama, na ndiyo maana pia huwa na ladha ya maji ya chumvi na bati. Ni chukuchuku iliyofungiwa.

Kinondoni haikuwa ngeni kwa makopo. Huko Kawe kilijengwa kiwanda cha Tanganyika Packers, ubia wa serikali na kampuni ya Liebig, kilichofunga nyama ya ng'ombe katika makopo kwa ajili ya masoko ya ng'ambo. Kiwanda kilitaifishwa, kisha kikafa, na jina lake limebaki kuwa jina la uwanja. Lakini kwa watu wa kawaida kopo lilikuwa na maisha mengine. Likiwa tupu liligeuzwa koroboi ya kusomea, na sokoni likawa kipimo cha kupimia nafaka. Kwa muda mrefu, maharage na kopo vilikutana Dar es Salaam kwa namna hiyo tu: kopo lilikuwa nje, likipima. Maharage yaliyo ndani ya kopo yalikuja katika maduka makubwa ya jiji, na aliyeyanunua alikabiliwa na swali lile lile la mwenye bakuli la Tandika: nitayafanyaje yawe ya kwangu?

Jibu ni moja kwa wote wawili, nalo ni jibu la zamani. Maharage ya kopo, ambayo katika kopo la gramu 400 huwa takriban gramu 240 baada ya kuchujwa, huoshwa kwanza ili maji ya chumvi yaondoke. Ya muuzaji hayaoshwi, kwani mchuzi wake una unga wa maharage wenye thamani. Kitunguu hukaangwa taratibu mpaka kibadilike rangi, kikafuatwa na kitunguu saumu, bizari na nyanya, na nyanya huachwa mpaka zipondeke na mafuta yajitenge. Hapo maharage hutiwa, na mwiko huponda kijiko kimoja au viwili vyake ubavuni mwa sufuria ili mchuzi ushikane. Tui la pili, lile jepesi, huingia na kuchemka polepole kwa muda wa robo saa, maana punje iliyokwisha kuiva huhitaji muda wa kunywa viungo. Tui zito la kwanza huja mwisho, moto ukiwa mdogo na mkono ukikoroga bila ya kuacha, lisije likakatika. Chumvi huonjwa ndipo itiwe, na ndimu hukamuliwa sufuria ikishaepuliwa.

Katika maelezo hayo yote hamna hila ya kuficha kopo wala ndoo. Saa mbili za kwanza humlainisha mgeni tu. Ladha inayotambulikana kuwa ni ya nyumba fulani huingia katika robo saa ya mwisho. Kila nyumba ina kiasi chake cha bizari na uzito wake wa tui, na mtoto aliyekulia Temeke hutambua maharage ya mama yake hata kama hayakuchemshwa na mama yake. Hivyo ni halali kuyaita ya nyumbani. Lakini uhalali huo una deni. Nyuma ya bakuli kuna mwanamke wa pili, aliyewasha jiko kabla ya adhuhuri, akavuta moshi na kuchagua mawe katika punje, na jina lake halitajwi mezani.

Mnamo Mei 2024 Tanzania ilizindua mkakati wa kitaifa wa nishati safi ya kupikia, wenye lengo la kuwafikisha asilimia 80 ya wananchi kwenye nishati hiyo ifikapo 2034. Majiko ya umeme yenye mgandamizo yanaweza kuzipunguza saa mbili za maharage zikawa chini ya saa moja. Yakienea vitongojini, huenda kaya nyingi zikarudia kuchemsha zenyewe, na muuza maharage akalazimika kutafuta kitu kingine cha kuuza. Litakuwa jambo jema kwa misitu na kwa vifua vya wanawake. Hata hivyo, atakayeandika historia ya chakula cha Dar es Salaam asiishie kwa waliolima na waliouza kwa magunia. Amtafute pia yule wa kando ya njia, aliyechemsha kwa ajili ya jirani zake wakati jiji lilipokosa mkaa na muda, akawaachia wao heshima ya kuunga.