Cheti cha Baraza na Mamlaka ya Mahakama ya Mwanzo katika Mashauri ya Talaka

Mke amefungua shauri la talaka Mahakama ya Mwanzo. Mashahidi wamesikilizwa, nyumba na vyombo vimegawanywa, Mahakama ya Wilaya na Mahakama Kuu zimekwisha kuamua rufaa. Ndipo, mbele ya Mahakama ya Rufani, mume anaibua hoja ambayo hakuwahi kuigusa: cheti cha Baraza la Usuluhishi wa Ndoa kina kasoro, hivyo mahakama ya chini haikuwa na mamlaka. Hoja ikikubaliwa, mwenendo wote unafutwa. Mgawanyo wa mali nao hausalimiki, kwani kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinaufungamanisha na amri ya talaka au ya kutengana.

Hoja hiyo, kwa maoni yangu, inachanganya mambo mawili. Mamlaka yanatoka kifungu cha 76, ambacho kinaiweka Mahakama ya Mwanzo pamoja na Mahakama Kuu katika kusikiliza mashauri ya ndoa. Kifungu cha 101 kinamfunga mwombaji: asiombe talaka kabla baraza halijathibitisha kwamba limeshindwa kuwapatanisha wanandoa. Tena kina misamaha yake, kama vile mwenza aliyetoroka na hajulikani alipo, aliyekataa wito wa baraza, au mazingira ya pekee ambayo mahakama yenyewe huyapima. Mahakama itapimaje msamaha huo ikiwa bado haina mamlaka?

Nitajibiwa kwamba mamlaka hayatokani na ridhaa ya wadaawa, na kwamba hoja yake huibuliwa hatua yoyote. Kweli, lakini jibu hilo linachukulia kuwa limekwisha kuthibitishwa lile hasa tunalobishania. Isitoshe, tangu shauri la Mukisa Biscuit la 1969, pingamizi la awali ni hoja tupu ya sheria. Kama mume aliitwa barazani akagoma kwenda, hilo ni la ushahidi, si la pingamizi.

Kwa nini basi hoja hii huchelewa kiasi hicho? Rufaa ya tatu kwa shauri lililoanzia Mahakama ya Mwanzo huhitaji hati ya Mahakama Kuu inayothibitisha kuwapo kwa hoja ya kisheria. Nani alijenga nyumba si hoja ya namna hiyo. Mamlaka ni hoja. Aliyeshindwa kwenye ushahidi hubakiwa na mlango huo tu.

Na kasoro yenyewe mara nyingi ni ya mwandishi wa baraza: barua fupi yenye muhuri, isiyoeleza baraza liliona nini, ilhali kifungu cha 104 kinataka maelezo hayo. Mwanamke aliyeipokea hakuiandika. Kumrudisha barazani baada ya ngazi nne za mahakama ni kumwadhibu kwa kosa la mwingine, kinyume na ibara ya 107A ya Katiba, inayokataza haki kukwamishwa na masharti ya kiufundi kupita kiasi.

Cheti kikaguliwe siku shauri linapofunguliwa, na Bunge liongeze katika kifungu cha 101 kwamba pingamizi juu yake halitasikilizwa baada ya shahidi wa kwanza kuapa.